Gerty Cori na Safari ya Sukari Mwilini

Utangulizi

Bila shaka umewahi kushiriki katika mashindano ya mbio shuleni. Unapokimbia kwa kasi, moyo hudunda upesi, pumzi huwa fupi na miguu huanza kuwa mizito. Ukipumzika kwa muda mfupi, nguvu hurudi, nawe waweza kukimbia tena. Je, nguvu hizo hutoka wapi? Hutunzwa wapi wakati usipozihitaji? Na kwa nini mtu aliyekula ugali au viazi asubuhi aweza kulima hadi adhuhuri bila kula kitu kingine?

Katika masomo yaliyotangulia ulijifunza kwamba vyakula vya wanga, kama mahindi, mchele, mihogo, ndizi na viazi, huupa mwili nguvu. Ulijifunza pia kwamba wanga humeng'enywa na kugeuka kuwa sukari iitwayo glukosi, na kwamba glukosi hufyonzwa katika utumbo mwembamba na kuchukuliwa na damu. Katika somo hili utasoma habari za mwanamke mmoja aliyetumia maisha yake kuchunguza mambo yanayoipata sukari hiyo baada ya kuingia katika damu. Jina lake ni Gerty Cori. Alikuwa mtaalamu wa fiziolojia na wa kemia ya mwili. Fiziolojia ni elimu inayochunguza jinsi viungo vya mwili vinavyofanya kazi.

Utoto wake

Gerty Theresa Radnitz alizaliwa tarehe 15 Agosti 1896 katika mji wa Prague. Siku hizi Prague ni mji mkuu wa Jamhuri ya Cheki, lakini wakati ule mji huo ulikuwa katika Dola ya Austria na Hungaria. Wazazi wake, Otto na Martha, walikuwa Wayahudi. Walijaliwa mabinti watatu, na Gerty ndiye aliyekuwa kifungua mimba.

Baba yake alikuwa mtaalamu wa kemia na msimamizi wa viwanda vya kusafishia sukari. Katika nchi zile za baridi miwa haistawi. Sukari hutengenezwa kutokana na mizizi minene ya mmea uitwao kiazisukari. Kwa hiyo, Gerty alikulia katika nyumba ambamo sukari ilikuwa ndiyo kazi ya baba. Baba alishughulika na sukari ya viwandani. Binti alikuja kushughulika na sukari iliyomo ndani ya mwili.

Gerty alifundishwa nyumbani mpaka alipofikia umri wa miaka kumi. Mwaka 1906 alipelekwa katika shule ya wasichana, naye akahitimu mwaka 1912. Shule hiyo iliwaandaa wasichana kuwa watu wenye adabu na maarifa ya jumla. Haikuwaandaa kuingia katika chuo kikuu. Wakati huo wasichana wachache sana walisoma katika vyuo vikuu vya Ulaya, na watu wengi waliamini kwamba elimu ya sayansi haikuwafaa wanawake.

Mjomba wake Gerty alikuwa daktari na profesa wa magonjwa ya watoto. Yeye ndiye aliyemtia moyo asomee udaktari. Gerty aliposhika shauri hilo alikuta kikwazo kikubwa mbele yake. Ili kuingia katika chuo cha udaktari ilimbidi afaulu mtihani wa Kilatini, hisabati, fizikia na kemia. Masomo hayo ama hakufundishwa kabisa, ama alifundishwa kidogo tu. Wavulana waliyasoma kwa miaka mingi. Yeye alikuwa na miaka miwili tu mbele yake. Hakukata tamaa. Alisoma kwa bidii, na mwaka 1914 akafanya mtihani huo na kufaulu. Mwaka huohuo akaingia katika Chuo Kikuu cha Kijerumani cha Prague kusomea udaktari.

Chuoni na wakati wa vita

Katika chuo hicho Gerty alikutana na mwanafunzi mwenzake aliyeitwa Carl Cori. Wote wawili walizaliwa Prague katika mwaka mmoja. Wote wawili walipenda kupanda milima, na wote walipenda uchunguzi wa kisayansi kuliko kazi ya kutibu wagonjwa peke yake. Wakaanza kufanya uchunguzi pamoja wakingali wanafunzi.

Vita vya Kwanza vya Dunia vilianza mwaka 1914, na baadaye Carl aliitwa jeshini. Gerty aliendelea na masomo. Vita vilipokwisha mwaka 1918, Carl alirudi chuoni. Mwaka 1920 wote wawili walihitimu na kuwa madaktari, na katika mwaka huo wakafunga ndoa. Tangu hapo mwanamke huyu akajulikana kwa jina la Gerty Cori.

Walihamia mji wa Vienna, na Gerty akapata kazi katika hospitali ya watoto. Hali ya maisha baada ya vita ilikuwa ngumu sana. Chakula kilikuwa haba, na watu wengi waliugua kwa kukosa lishe bora. Gerty mwenyewe alipatwa na ugonjwa wa macho kukauka. Ugonjwa huo huletwa na upungufu wa vitamini A mwilini. Kumbuka somo la lishe: vitamini A hupatikana katika maini, mayai, maziwa, mboga za majani, karoti, maembe na mapapai. Mtu asipopata vyakula vya namna hiyo kwa muda mrefu, macho yake hudhurika, na mwisho aweza kupofuka. Kwa bahati njema Gerty alipona.

Mbali na njaa, katika nchi zile kulikuwa na chuki dhidi ya Wayahudi, nayo ilikuwa ikiongezeka. Gerty na mumewe waliona kwamba hawangeweza kufanya kazi yao kwa amani. Wakaamua kuhama Ulaya. Mwaka 1922 Carl alipata kazi Marekani katika mji wa Buffalo, akatangulia. Miezi michache baadaye Gerty akamfuata.

Swali kubwa: sukari huenda wapi?

Huko Buffalo walifanya kazi katika taasisi ya serikali iliyochunguza ugonjwa wa saratani. Gerty alipewa kazi ya kutazama vipande vya nyama ya mwili kwa hadubini. Lakini yeye na mumewe walikuwa na swali jingine lililowavutia zaidi. Mtu akila chakula cha wanga, sukari huongezeka katika damu. Baada ya saa chache sukari hiyo hupungua. Imekwenda wapi?

Sehemu ya jibu ilikuwa imekwisha kujulikana. Mwaka 1857 mwanasayansi Mfaransa aliyeitwa Claude Bernard alikuwa amepata ndani ya ini kitu kinachofanana na wanga. Kitu hicho huitwa glaikojeni. Glaikojeni hutengenezwa kwa glukosi nyingi zilizounganishwa pamoja. Huwekwa katika ini na katika misuli, kama vile mkulima anavyoweka nafaka ghalani baada ya mavuno. Lakini hakuna aliyejua vizuri jinsi ghala hilo linavyojazwa, jinsi linavyofunguliwa, wala jinsi ghala la ini linavyohusiana na ghala la misuli.

Gerty na Carl waliamua kulijibu swali hilo kwa kupima. Fikiri juu ya mkulima aliyevuna magunia kumi ya mahindi. Akitaka kujua mahindi yake yamekwenda wapi, sharti ahesabu: mangapi yamesagwa, mangapi yamewekwa ghalani na mangapi yameuzwa. Hesabu zote zikijumlishwa, lazima zifikie magunia kumi. Zikipungua, basi kuna mahali amesahau kutazama. Ndivyo wanasayansi hawa walivyofanya. Waliwapa panya kiasi maalumu cha sukari. Kisha wakapima ni kiasi gani kilichofyonzwa, kiasi gani kilichowekwa katika ini, kiasi gani katika misuli, na kiasi gani kilichotumiwa kuupa mwili nguvu.

Walipima pia kazi ya homoni mbili. Homoni ya kwanza ni insulini, ambayo ilikuwa imegunduliwa mwaka 1921 huko Kanada. Homoni ya pili ni adrenalini, ambayo humiminika katika damu mtu anapoogopa au anapojitayarisha kukimbia. Walitaka kujua jinsi homoni hizo zinavyobadilisha kiasi cha sukari katika damu, katika ini na katika misuli. Kazi ya namna hii huhitaji uvumilivu. Kosa dogo la kipimo huharibu kazi ya juma zima. Gerty alisifika kwa usahihi wake, naye hakuridhika na jibu la kukisia.

Mzunguko wa Cori

Mwaka 1929 Gerty na Carl walieleza walichokuwa wamegundua baada ya miaka kadhaa ya kupima. Maelezo yao huitwa mzunguko wa Cori, nayo yangali yanafundishwa duniani kote mpaka leo. Soma hatua zake kwa makini:

1. Mtu anapofanya kazi ngumu, misuli yake hutumia glaikojeni iliyowekwa humo. Glaikojeni huvunjwavunjwa ili itoe nguvu.

2. Kazi ikiwa ya kasi sana, oksijeni inayofika katika misuli haitoshi kuitumia sukari yote kikamilifu. Hapo misuli hutoa asidi ya laktiki.

3. Asidi hiyo huingia katika damu, na damu huipeleka katika ini.

4. Ini huibadilisha asidi ya laktiki na kuifanya glukosi tena. Glukosi hiyo yaweza kuwekwa katika ini kama glaikojeni, au kurudishwa katika damu.

5. Damu huipeleka glukosi katika misuli, nayo hutumiwa au huwekwa akiba. Kisha mzunguko huanza upya.

Waona basi kwamba misuli na ini hushirikiana. Kitu ambacho misuli imekitoa hakitupwi ovyo. Ini hukichukua, hukitengeneza na kukirudisha. Lakini kazi hiyo ya ini haifanyiki bure. Nayo huhitaji nguvu. Ndiyo sababu mwili hauwezi kuendelea siku zote bila chakula kipya.

Kabla ya uchunguzi huu, watu waliufahamu msuli peke yake na ini peke yake. Gerty na Carl walionyesha jinsi viungo hivyo viwili, ambavyo viko mbali, vinavyounganishwa na damu katika kazi moja.

Mume apewa kazi, mke akataliwa

Ingawa Gerty na Carl walifanya kazi pamoja na kuandika pamoja, hawakutendewa sawa. Walipokuwa Buffalo, Gerty alionywa kwamba angefukuzwa kazi asipoacha kushirikiana na mumewe. Baadaye chuo kikuu kimoja kilitaka kumwajiri Carl kwa sharti kwamba asifanye uchunguzi pamoja na mkewe. Gerty aliitwa kando akaambiwa kwamba anamharibia mumewe maisha yake ya kazi, kwa kuwa haikuwa desturi ya Marekani mume kufanya kazi pamoja na mke. Maneno hayo yalimuumiza sana. Carl aliikataa kazi hiyo. Alijua kwamba kazi waliyoifanya ilikuwa ya watu wawili.

Mwaka 1931 Carl alipata kazi katika Chuo Kikuu cha Washington kilichoko katika mji wa St. Louis. Alifanywa profesa na mkuu wa idara ya elimu ya dawa. Gerty naye aliajiriwa, lakini kama mtafiti msaidizi tu. Elimu yao ilikuwa sawa, na ujuzi wao ulikuwa sawa, lakini mshahara wa Gerty ulikuwa sehemu moja ya kumi ya mshahara wa mumewe. Yaani, Carl alipopata kumi, Gerty alipata moja. Alikaa katika cheo hicho cha chini kwa miaka mingi. Mwaka 1943 ndipo alipopandishwa cheo na kuwa profesa mshiriki, na mwaka 1947 akawa profesa kamili.

Katika miaka hiyo yote Gerty hakuiacha maabara. Kila siku alifika, akapima, akaandika, akapima tena. Mwaka 1936 alijifungua mtoto wa kiume, mtoto wao wa pekee, naye akarudi katika kazi yake.

Kupukuchua glaikojeni

Mwaka huo wa 1936 ulikuwa mwaka wa ugunduzi mwingine mkubwa. Gerty na Carl walitaka kujua hatua ya kwanza kabisa ya kuvunjwa kwa glaikojeni. Walichukua misuli ya chura, wakaisaga na kuiosha kwa maji. Kisha wakachunguza vitu vilivyotokea humo. Walikuta aina ya glukosi ambayo haikuwa imejulikana kabla ya hapo. Ilikuwa glukosi iliyoungana na fosfati. Kwa heshima yao, wanasayansi waliiita esta ya Cori.

Ugunduzi huo uliwaongoza kwenye ugunduzi mwingine. Kama glukosi hiyo hutokana na glaikojeni, basi lazima kuna kitu kinachoitoa. Walikitafuta, wakakipata. Kilikuwa kimeng'enya ambacho walikiita fosforilesi. Kimeng'enya ni kitu kinachotengenezwa na mwili ili kuharakisha badiliko la kikemia.

Ili kuelewa kazi ya kimeng'enya hiki, fikiri juu ya gunzi la mahindi. Punje nyingi zimeshikana juu ya gunzi. Mtu anayepukuchua mahindi huanza upande mmoja, akaziondoa punje moja baada ya nyingine. Fosforilesi hufanya hivyo kwa glaikojeni. Huanzia mwishoni mwa mnyororo, ikiondoa glukosi moja baada ya nyingine, na kila glukosi inayotoka huungana na fosfati. Hivyo mwili hupata sukari kwa kadiri ya haja yake, wala ghala lote halimwagwi kwa mara moja.

Mwaka 1939 walifanya jambo lililowashangaza wanasayansi wengi. Walitia esta ya Cori na kimeng'enya katika neli ya kioo, wakaigeuza kazi ile. Badala ya kupukuchua, kimeng'enya kiliunganisha glukosi na kutengeneza glaikojeni. Kwa mara ya kwanza glaikojeni ilikuwa imetengenezwa nje ya mwili wa kiumbe hai. Watu wengi wakati ule walidhani kwamba vitu vikubwa kama hivyo vyaweza kutengenezwa ndani ya kiumbe hai tu. Jaribio hilo lilionyesha kwamba kazi za mwili hufuata kanuni za kemia, na kwamba binadamu aweza kuzichunguza kanuni hizo na kuzielewa.

Tuzo ya Nobel na ugonjwa

Mwaka 1947 ulimletea Gerty furaha kubwa na huzuni kubwa pamoja. Katika mwaka huo alifanywa profesa, na katika mwaka huohuo yeye na mumewe walipewa Tuzo ya Nobel ya Fiziolojia au Tiba. Walipewa nusu ya tuzo kwa kugundua jinsi glaikojeni inavyobadilishwa mwilini. Nusu ya pili alipewa Bernardo Houssay wa Argentina, ambaye alikuwa amechunguza kazi ya tezi moja iliyo chini ya ubongo katika kutawala sukari.

Gerty alikuwa mwanamke wa kwanza duniani kupata Tuzo ya Nobel ya Fiziolojia au Tiba. Kabla yake ni wanawake wawili tu waliokuwa wamepata Tuzo ya Nobel katika sayansi. Wa kwanza alikuwa Marie Curie, na wa pili alikuwa Irène Joliot-Curie, binti yake.

Lakini kabla ya kwenda Uswidi kupokea tuzo hiyo, Gerty alikuwa amepata habari mbaya. Mwaka huo yeye na mumewe walikuwa wamekwenda kupanda milima huko Colorado, kama walivyozoea tangu ujana wao. Safari hiyo mwili wake ulishindwa. Alipopimwa, madaktari walikuta kwamba uboho wake ulikuwa umeharibika. Uboho ni kitu laini kilichomo ndani ya mifupa, nao ndio unaotengeneza seli za damu. Mwili wake haukuweza tena kutengeneza damu ya kutosha. Wakati ule ugonjwa huo haukuwa na dawa ya kuuponya. Madaktari waliweza tu kumwongezea damu ya watu wengine mara kwa mara.

Wengine wangeliacha kazi. Gerty aliendelea kwa miaka kumi zaidi. Katika maabara aliwekewa kitanda kidogo ili apumzike anapochoka. Alipokosa nguvu za kutembea, mumewe alimbeba kutoka chumba kimoja hadi kingine.

Kazi yake ya mwisho

Katika miaka hiyo ya ugonjwa Gerty alifanya kazi iliyowasaidia watoto wagonjwa. Kuna watoto wachache wanaozaliwa na ugonjwa wa kurithi ambao huyafanya maini yao kuwa makubwa kupita kiasi. Maini hayo hujaa glaikojeni, lakini damu ya watoto hao huwa na sukari kidogo mno. Ni kama nyumba ambayo ghala lake limejaa, lakini wenyeji wanalala njaa kwa kuwa ufunguo wa ghala umepotea.

Gerty alichunguza maini ya wagonjwa kama hao. Mwaka 1952 yeye na Carl walionyesha kwamba katika aina moja ya ugonjwa huo kimeng'enya kimoja cha ini hakifanyi kazi. Kimeng'enya hicho ndicho kinachoiwezesha glukosi kutoka katika ini na kuingia katika damu. Kisha Gerty akaonyesha kwamba kuna aina nyingine za ugonjwa huo, na kwamba kila aina ina kasoro yake. Hivyo alifungua njia mpya katika elimu ya tiba: njia ya kutafuta chanzo cha ugonjwa wa kurithi katika kimeng'enya kimoja kilichokosekana.

Gerty Cori alifariki dunia tarehe 26 Oktoba 1957 nyumbani kwake St. Louis. Alikuwa na umri wa miaka 61. Carl aliishi mpaka mwaka 1984.

Maabara yao iliwalea wanasayansi wengi. Sita kati ya wale waliofanya kazi humo walipata Tuzo ya Nobel baadaye. Mmoja wao alikuwa Arthur Kornberg wa Marekani, na mwingine Severo Ochoa aliyezaliwa Hispania. Maabara hiyo ilisifika pia kwa kuwapokea watu waliobaguliwa mahali pengine, wakiwamo wanawake na Wayahudi. Gerty na Carl walijua vema uchungu wa kukataliwa, nao hawakutaka kuwakataa wengine.

Mambo tunayojifunza

Kutokana na kazi ya Gerty Cori, twajua sasa jinsi mwili unavyoweka akiba ya sukari na jinsi unavyoitumia. Maarifa hayo huwasaidia madaktari kuufahamu ugonjwa wa kisukari na magonjwa mengine ya namna hiyo. Twajifunza pia kwamba mwanasayansi hujibu maswali kwa kupima, si kwa kubahatisha. Tena twaona kwamba akili ya kuchunguza haichagui mvulana wala msichana. Kama Gerty angelitii maneno ya wale waliomwambia aache, ghala la sukari mwilini lingelibaki limefungwa kwa miaka mingi zaidi.

Jaribio

*Vifaa:* kipande kidogo cha muhogo uliochemshwa bila chumvi, au tonge dogo la ugali. Maji safi ya kunywa.

*Njia:* Nawa mikono. Sukutua kinywa kwa maji safi. Tia kipande hicho kinywani na ukitafune polepole kwa muda wa dakika mbili au tatu bila kukimeza. Angalia jinsi ladha inavyobadilika.

*Matokeo:* Mwanzoni hutasikia utamu mwingi. Baadaye utasikia utamu kidogo.

*Sababu:* Mate yana kimeng'enya kinachovunja wanga na kuugeuza kuwa sukari. Hapo ndipo safari ya sukari mwilini inapoanzia.

Maana ya maneno

*Esta:* aina ya kitu cha kikemia. Esta ya Cori ni glukosi iliyoungana na fosfati.
*Glaikojeni:* akiba ya sukari iliyowekwa katika ini na misuli.
*Glukosi:* sukari iliyomo katika damu, ambayo huupa mwili nguvu.
*Hadubini:* chombo cha kutazamia vitu vidogo visivyoonekana kwa macho matupu.
*Homoni:* kitu kinachotolewa na tezi na kuchukuliwa na damu ili kuongoza kazi za mwili.
*Kimeng'enya:* kitu kinachoharakisha badiliko la kikemia mwilini.
*Uboho:* kitu laini kilichomo ndani ya mifupa, ambacho hutengeneza seli za damu.

Maswali

1. Gerty Cori alizaliwa mwaka gani, na katika mji gani?
2. Kwa nini ilimbidi asome kwa bidii baada ya kumaliza shule ya wasichana mwaka 1912?
3. Ni ugonjwa gani uliompata huko Vienna? Taja vyakula vitatu vinavyoweza kuuzuia.
4. Mwili huweka akiba ya sukari katika viungo gani viwili?
5. Eleza kwa maneno yako mwenyewe hatua za mzunguko wa Cori. Kisha chora mchoro unaoonyesha misuli, damu na ini, na uweke mishale kuonyesha njia ya sukari na ya asidi ya laktiki.
6. Kupukuchua mahindi kunafananaje na kazi ya fosforilesi?
7. Jaribio la mwaka 1939 liliwaonyesha wanasayansi jambo gani jipya?
8. Watoto wanaozaliwa na ugonjwa wa ini ulioelezwa katika somo hili wana sukari nyingi katika ini, lakini kidogo katika damu. Eleza sababu yake.
9. Carl alipata kumi na Gerty alipata moja, ingawa kazi yao ilikuwa ya pamoja. Jadilini darasani: je, jambo hilo lilikuwa haki? Toeni sababu zenu.